Karani, Dalali na Mgeni Mwalikwa: Waandishi katika Nyumba ya Andy Warhol

Historia ya tapo la sanaa kwa kawaida huandikwa na watu waliokuja baada ya wasanii kuzikwa, wakiwa na barua, katalogi na picha mikononi, na bila deni lolote kwa marehemu. Sanaa ya pop ya New York, hasa tawi lake lililostawi chini ya Andy Warhol tangu mwaka 1962 hadi kifo chake mwaka 1987, haikusubiri hivyo. Iliandikwa ingali inatendeka, na sehemu kubwa ya waandishi wake walikuwa wakila mshahara wa msanii mwenyewe. Mhadhara huu unawachunguza waandishi hao, na hasa wawili kati yao: Bob Colacello, aliyekuwa mhariri wa jarida la Interview hadi mwaka 1983, na Pat Hackett, ambaye kwa zaidi ya miaka kumi aliandika shajara ya Warhol kwa kumsikiliza kwenye simu. Hoja itakayotetewa ni kwamba mwandishi wa maisha ya watu mashuhuri hukiona anachokiona kwa kualikwa, kwamba mwaliko huo una bei, na kwamba katika nyumba ya Warhol maandishi yenye thamani kubwa zaidi ni yale yaliyoanza kwa shughuli nyingine kabisa, au yaliyoandikwa baada ya mwaliko kwisha.

Istilahi yenyewe ya sanaa ya pop haikuzaliwa New York. Ilitumika kwanza London katikati ya miaka ya 1950, katika mazungumzo ya kikundi cha wasanii, wasanifu majengo na wahakiki kilichojulikana kama Independent Group, na mhakiki Lawrence Alloway ndiye anayehusishwa zaidi na kuieneza. Kwa Alloway neno hilo lilihusu kwanza bidhaa za utamaduni wa umma, yaani filamu, matangazo ya biashara, magari na magazeti ya picha, kabla halijageuka kuwa jina la michoro iliyotokana na bidhaa hizo. Mwezi Januari 1957 msanii Richard Hamilton aliorodhesha katika barua sifa za utamaduni huo, akiutaja kuwa ni wa watu wengi, wa kupita upesi, wa bei nafuu, wa vijana, na mwishoni kabisa kuwa ni biashara kubwa. Sifa hiyo ya mwisho, ambayo wahakiki wengi huipita kana kwamba ilikuwa mzaha, ndiyo inayoeleza maisha ya waandishi wanaozungumziwa hapa.

Warhol alizaliwa Pittsburgh mwaka 1928 katika familia ya wahamiaji Warutheni waliotoka kijiji cha Mikova, ambacho leo kimo nchini Slovakia; alipohitimu chuo mwaka 1949 alihamia New York, akajipatia riziki na hata jina kwa kuchora matangazo ya viatu. Mwaka 1962 alionyesha michoro 32 ya makopo ya supu ya Campbell katika galeri ya Ferus huko Los Angeles, na mwaka huohuo akaanza kutumia uchapaji wa wavu wa hariri, mbinu ambayo picha ya kamera huhamishiwa kwenye wavu mwembamba uliokazwa juu ya fremu, kisha wino ukasukumwa upite katika matundu yaliyoachwa wazi na kutua juu ya turubai. Marilyn Monroe alipofariki mwezi Agosti mwaka huo, Warhol alichukua picha iliyokuwa imepigwa kwa ajili ya kuitangaza filamu ya Niagara ya mwaka 1953, akaichapa mara nyingi kwa rangi kali zisizofuata mipaka ya uso. Picha hiyo haikuwa ya Monroe akiwa nyumbani kwake, wala ya Monroe aliyeketi mbele ya mchoraji, bali ilikuwa tayari zao la idara ya matangazo. Msanii wa pop alihitaji watu ambao umaarufu wao ulikwisha kutengenezwa na wengine, na umaarufu hauwezi kuwepo bila mtu wa kuuandika na kuusambaza, kwa hiyo mwandishi aliingia katika sanaa hii akiwa mmoja wa mafundi wake, wala si mtazamaji aliyesimama kando.

Wa kwanza kuonja ugumu wa nafasi hiyo alikuwa mhakiki Gene Swenson, ambaye mwezi Novemba 1963 alichapisha katika jarida la ARTnews mahojiano na wachoraji kadhaa wa pop, Warhol akiwemo. Humo ndimo yalimotoka maneno yake kwamba kila mtu angepaswa kuwa mashine, maneno ambayo kwa zaidi ya nusu karne yalinukuliwa katika vitabu vya historia ya sanaa kama ushahidi kwamba msanii huyo hakuwa na hisia, au kwamba alikuwa akiikejeli jamii ya viwanda. Mwaka 2018 mtafiti Jennifer Sichel alichapisha maandishi mapya yaliyotokana na kanda halisi ya mazungumzo hayo, na ikadhihirika kwamba mazungumzo yalihusu waziwazi mapenzi ya watu wa jinsia moja, na kwamba majibu mashuhuri ya Warhol yalitolewa ndani ya mjadala huo, kabla sehemu hiyo haijaondolewa katika uhariri. Yaliyobaki kwenye ukurasa yalikuwa yametamkwa kweli, lakini yalinyofolewa kutoka kwenye swali lililoyazaa, na jibu lisilo na swali lake humwelekeza msomaji popote apendapo mhariri. Swenson mwenyewe baadaye alifarakana na taasisi za sanaa, na mwaka 1968 alionekana mbele ya Museum of Modern Art akiandamana peke yake na alama kubwa ya kuuliza ya rangi ya buluu. Alikufa katika ajali ya gari mwaka uliofuata, angali kijana, na jina lake limebaki kwenye tanbihi za vitabu vya watu waliomnukuu, jambo ambalo si haki kwa mtu aliyeuliza swali gumu kuliko wote.

Kisa cha Swenson kinadokeza kifaa ambacho bila hicho fasihi yote ya nyumba ya Warhol isingekuwepo, yaani kinasa sauti. Warhol alianza kukitumia katikati ya miaka ya 1960, akawa akitembea nacho kwenye karamu, ndani ya teksi na mezani, na mara nyingi akikiita mke wake. Zao la kwanza lilikuwa riwaya iliyopewa jina la herufi moja, a, iliyotolewa na Grove Press mwaka 1968, ambayo kwa kweli haikuandikwa na mtu yeyote kwa maana ya kawaida ya neno kuandika. Ni maandishi ya kanda zilizomfuata mwigizaji wa studio ya Warhol aliyejulikana kama Ondine, zikanakiliwa na wapiga taipu kadhaa, mmojawapo akiwa Maureen Tucker, mpiga ngoma wa bendi ya Velvet Underground, na wengine wakiwa wasichana wa shule. Kila mpiga taipu alikuwa na mtindo wake wa kuandika majina, vituo na kelele, na makosa yao ya tahajia yaliachwa kwa makusudi yaingie kitabuni. Kitabu hicho ni kigumu kusomeka, na anayedai kukisoma chote kwa raha anastahili kutiliwa shaka, lakini kinaeleza kanuni ya kazi iliyokuja kufuatwa baadaye: Warhol alitoa sauti na saini, na mikono ya watu wengine ikatoa ukurasa, kama vile wasaidizi wake walivyosukuma wino kwenye wavu.

Studio yenyewe iliitwa Factory, yaani Kiwanda. Ile ya kwanza mashuhuri ilikuwa katika mtaa wa 47 upande wa mashariki wa Manhattan, na ilipambwa kwa rangi na karatasi za fedha. Ya pili ilikuwa Union Square, ambako tarehe 3 Juni 1968 Warhol alipigwa risasi na Valerie Solanas akanusurika kufa. Baada ya tukio hilo milango iliyokuwa wazi kwa kila mpita njia ilianza kulindwa, na badala ya vijana waliokesha bila ratiba wakaingia watu wenye suti, madawati na orodha za wateja. Mabadiliko haya ya mlangoni yana uzito kwa mada hii kuliko mabadiliko yoyote ya mtindo wa uchoraji, kwa sababu tangu hapo anayeingia alihitaji kuwa na kazi.

Bob Colacello aliingia mwaka 1970 kwa njia ya uhakiki. Alizaliwa mwaka 1947 huko Brooklyn katika familia yenye asili ya Italia, akasomea uhusiano wa kimataifa katika Chuo Kikuu cha Georgetown, chuo kinachowaandaa vijana wengi kwa kazi ya ubalozi, kisha akaendelea na masomo ya filamu katika Chuo Kikuu cha Columbia. Akiwa mwanafunzi aliandika katika gazeti la Village Voice uhakiki wa Trash, filamu iliyoongozwa na Paul Morrissey na kutolewa chini ya jina la Warhol, akidai kwamba filamu hiyo ya watumiaji wa dawa za kulevya ilikuwa kazi bora ya Kikatoliki. Dai hilo liliwachekesha wengine, lakini halikuwa la kipuuzi: Warhol alilelewa katika Ukatoliki wa mashariki, aliishi New York na mama yake, Julia, kwa karibu miaka 20, na aliendelea kuhudhuria kanisani mpaka mwisho wa maisha yake. Mhakiki kijana alikuwa ameona kitu ambacho wakosoaji wazee hawakukiona, na kama ilivyo desturi ya nyumba za wakubwa, aliyeona alialikwa ndani.

Jarida alilokabidhiwa lilikuwa limeanzishwa mwaka 1969 kama jarida la filamu. Chini ya uhariri wake Interview likawa jarida la watu mashuhuri kwa watu mashuhuri, likiwa na mbinu moja iliyorudiwa bila kuchoka: mtu mwenye jina alimhoji mwenzake mwenye jina, mara nyingi mezani, kinasa sauti kikiwa katikati ya sahani, na mazungumzo yakachapishwa karibu yote, pamoja na maagizo ya chakula na salamu za waliopita karibu. Majalada yake yenye nyuso zilizopakwa rangi yalitengenezwa na msanii Richard Bernstein kuanzia mwaka 1972 hadi 1989, ingawa wasomaji wengi waliamini kwamba ni kazi ya Warhol. Katika uandishi wa kawaida wa habari, mhoji husimama badala ya msomaji na kuuliza ambalo msomaji angeliuliza. Katika Interview nafasi hiyo ilifutwa, na msomaji akaachwa awe kama mtu aliyekaa meza ya jirani akisikiliza. Mbinu hii ilisifiwa kwa ukweli wake, na ukweli ulikuwepo kwa kiasi fulani, kwa kuwa watu wakistarehe hupitiwa wakasema wasiyoyakusudia, lakini ilikuwa pia mbinu ya bei rahisi isiyohitaji utafiti wowote, na ilimhakikishia mgeni kwamba hataulizwa jambo la kumwudhi.

Colacello pia aliandika safu iliyoitwa Out, ambamo alirekodi karamu za usiku uliopita, nani aliketi na nani, nani alivaa vazi la nani, nani aliondoka mapema. Kwa msomaji wa Kiswahili aina hii ya uandishi ina jina linalojulikana, udaku, lakini udaku wa Colacello ulitofautiana na ule wa magazeti ya mitaani katika jambo moja la msingi. Mwandishi wa udaku wa kawaida hufunua yanayofichwa na wahusika, ilhali yeye aliandika yale ambayo wahusika walitamani sana yaonekane. Kuanzia katikati ya miaka ya 1970 alibeba kamera ndogo aina ya Minox, iliyotosha mfukoni mwa koti, akapiga picha zilizopinda, zenye migongo ya watu na glasi mbele ya nyuso, picha ambazo mpiga picha aliyezuiwa nyuma ya kamba asingeweza kuzipata. Zilipokusanywa katika kitabu mwaka 2007, picha hizo zilionekana kusema mengi zaidi kuliko maneno ya safu yenyewe, pengine kwa sababu kamera ilinasa hata yale ambayo mwandishi, kwa adabu ya mgeni, aliyaruka.

Mshahara wa uhariri, hata hivyo, haukuwa kazi yote. Tangu mwanzoni mwa miaka ya 1970 pato kubwa la Kiwanda lilitoka kwenye picha za watu zilizoagizwa: mteja alipigwa picha nyingi kwa kamera ya Polaroid, moja ikachaguliwa, ikakuzwa, ikachapwa kwa wavu wa hariri kwenye turubai ya inchi 40 kwa 40, na bei ya turubai ya kwanza ilikuwa dola 25,000, ya pili ikiwa pungufu. Wafanyakazi walioleta wateja walilipwa kamisheni, na Colacello alikuwa mmoja wa walioleta, pamoja na Fred Hughes, msimamizi wa biashara wa Warhol. Mkono mtupu haulambwi, na mhariri aliyeketi karamuni usiku alikuwa kwa wakati mmoja mwandishi anayerekodi, muuza matangazo ya jarida, na dalali anayetafuta uso wa kuchorwa. Mwezi Julai 1976 alisafiri na Warhol na Hughes hadi Tehran kwa ajili ya picha ya Malkia Farah Pahlavi, na familia ya kifalme ya Iran ikawa miongoni mwa wateja wakubwa katika miaka ambayo polisi wa siri wa Shah walikuwa tayari wanajulikana duniani kwa mateso. Jarida la dalali haliwezi kumhoji mteja kuhusu magereza yake. Hakuna haja ya kudhani kwamba mtu yeyote alimkataza Colacello kuandika, kwani mpangilio wa kazi wenyewe ulitosha kumnyamazisha.

Jambo hilo lilifikia kilele chake mwishoni mwa mwaka 1981, Interview lilipoweka uso wa Nancy Reagan, mke wa rais wa Marekani, kwenye jalada la Desemba, baada ya Warhol na Colacello kumhoji Ikulu. Mkwe wa Reagan, Doria, alikuwa akifanya kazi katika jarida hilo. Village Voice, gazeti lilelile lililowahi kumchapisha Colacello akiwa mwanafunzi, lilijibu kwa tashtiti ya Alexander Cockburn, ambayo iliwaonyesha wahoji haohao wakipiga soga nyepesi na Hitler. Tashtiti hiyo ilikuwa kali kupita kiasi kwa upande wa mama wa Ikulu, lakini kwa upande wa mbinu ililenga penyewe, kwa sababu ilithibitisha kwamba mahojiano yasiyouliza kitu yanaweza kufanywa na mtu yeyote, kuhusu mtu yeyote, bila kubadilisha sentensi nyingi.

Athari za uandishi wa namna hii zilifika hadi Nairobi, na hapa kuna kisa kinachostahili kuangaliwa kwa makini. Mpiga picha Mmarekani Peter Beard, mwandishi wa kitabu cha The End of the Game cha mwaka 1965 kuhusu kutoweka kwa wanyamapori, alikuwa na makazi yaliyoitwa Hog Ranch nje kidogo ya Nairobi, jirani na ardhi iliyokuwa shamba la mwandishi Karen Blixen. Na huko Marekani alikuwa jirani ya Warhol katika pwani ya Montauk na mtu wa kudumu wa mzunguko wake. Mwaka 1975 alimwona barabarani jijini Nairobi msichana Msomali, Iman Mohamed Abdulmajid, akamwomba ampige picha, na msichana huyo, kama alivyosimulia mwenyewe baadaye, alikubali kwa sharti la kulipiwa karo. Alizaliwa Mogadishu mwaka 1955, baba yake alikuwa mwanadiplomasia, alijua lugha kadhaa, na alikuwa akisoma sayansi ya siasa katika Chuo Kikuu cha Nairobi. Alipowasili New York mwaka huohuo kuanza kazi ya uanamitindo, waandishi wa habari walikuwa wamekwisha kuambiwa na Beard kwamba amemgundua porini akichunga mifugo, tena hajui Kiingereza, na hivyo ndivyo walivyoandika.

Simu moja kwa msajili wa chuo ingetosha kuuangusha uongo huo, na msomaji wa Nairobi asingehitaji hata simu. Lakini hadithi ya mchungaji ilikuwa na bei kubwa sokoni kuliko hadithi ya binti wa balozi anayetafuta karo, na waandishi waliohudhuria mkutano wa kumtambulisha walikuwa wageni waalikwa kama wale wa Kiwanda: walikuja kupokea picha na maelezo yake pamoja. Iman mwenyewe ndiye aliyelazimika kuirudisha historia yake mikononi mwake, kwa kuusahihisha uongo huo hadharani. Inafaa kuangalia kilichobadilishwa katika wasifu wake, kwa maana hakikubadilishwa ovyo. Kilichoondolewa ni elimu, lugha na tabaka, yaani vyote ambavyo vingemfanya aonekane mtu wa mjini aliyepiga hesabu zake na kufikia uamuzi, na kilichoachwa ni uso. Ndivyo picha ya Monroe ilivyochapwa, na tofauti ni kwamba Iman alikuwa hai na aliweza kujibu.

Ndani ya Kiwanda, uandishi wa kificho uliendelea sambamba na ule wa jarida. Mwandishi wa kivuli ni mtu anayeandika kitabu kinachotoka kwa jina la mwingine, na vitabu vya Warhol vya miaka hiyo vilikuwa vya aina hiyo kwa viwango tofauti. The Philosophy of Andy Warhol, kilichotoka mwaka 1975, kilitungwa kwa sehemu kubwa na Pat Hackett kutokana na kanda za mazungumzo, Colacello naye akiwa na mkono wake humo. Exposures cha mwaka 1979 kiliandikwa na Colacello kuambatana na picha za Warhol. POPism cha mwaka 1980, kinachosimulia miaka ya 1960, kilibeba majina mawili, la Warhol na la Hackett, na labda ndiyo sababu kina mpangilio na kumbukumbu thabiti zaidi kuliko vingine, kwani aliyekiandika alijua kwamba atawajibika kwacho.

Hackett alifika Kiwandani mwaka 1968 akiwa mwanafunzi wa chuo cha Barnard, akaomba kazi ya kupiga taipu kwa muda. Hakuwa mtu wa karamu, na si rahisi kumpata katika picha za usiku za Studio 54, klabu ya muziki iliyofunguliwa mwaka 1977 na iliyokuwa makao ya pili ya kundi hilo. Kazi iliyomtia katika historia ilitokana na kodi. Mwaka 1972 Warhol alitengeneza bango la kumuunga mkono George McGovern katika uchaguzi wa rais, likiwa na uso wa kijani wa mpinzani wake, Richard Nixon, na tangu wakati huo mamlaka ya kodi ilimkagua Warhol mwaka baada ya mwaka. Ili kujilinda alianza kurekodi kila senti aliyotumia kikazi, na kuanzia Novemba 1976 utaratibu ukawa kwamba kila siku ya kazi, yapata saa tatu asubuhi, yeye na Hackett waliongea kwa simu, akasimulia yaliyotokea jana yake pamoja na nauli za teksi, bili za chakula na bei za magazeti, Hackett akaandika maelezo kwa mkono kisha akayapiga taipu, stakabadhi zikabanwa kwenye kurasa. Utaratibu huo uliendelea hadi siku chache kabla ya kifo cha Warhol tarehe 22 Februari 1987, kilichofuata upasuaji wa kibofu cha nyongo. Kurasa zilikuwa zimefika 20,000. Hackett alizipunguza zikawa kitabu cha kurasa zaidi ya 800, kilichotoka mwaka 1989.

Kwa kipimo chochote cha fasihi hiki ndicho kitabu bora kilichotoka katika nyumba hiyo, na ubora wake unatokana na asili yake ya kihesabu. Karamu ya mfadhili mkubwa na nauli ya teksi ya kumrudisha mtu nyumbani vinapewa uzito uleule, na kwa kuwa msimulizi hakudhani kwamba anamshawishi mtu isipokuwa mkaguzi wa kodi, alisahau kujipamba. Wivu wake kwa wasanii vijana, hofu yake ya hospitali, aibu yake juu ya ngozi na nywele zake, upweke wake baada ya mpenzi kuondoka, vyote vimepenya katikati ya tarakimu. Ustadi wa Hackett ulikuwa wa kuchagua na wa kusikia: aliilinda sauti ya msemaji, kusitasita kwake na ukali wake, bila kuigeuza kuwa ufasaha. Kitabu kilitoka bila faharasa, yaani ile orodha ya mwishoni inayoonyesha jina fulani limo ukurasa gani, na jarida la tashtiti la Spy likajitolea kuichapisha lenyewe, likijua vizuri kwamba watu wengi wa New York walitaka kutafuta jina moja tu.

Colacello aliacha kazi mwaka 1983 baada ya zaidi ya miaka 12, na muda mfupi baadaye akajiunga na Vanity Fair, jarida lililokuwa limefufuliwa mwaka huohuo, ambako aliendelea kuandika maisha ya matajiri kwa miongo kadhaa. Holy Terror, kumbukumbu zake za miaka ya Kiwanda, ilitoka mwaka 1990. Ni kitabu kirefu, kina hasira, na hasira imekifaa. Ndani yake karamu zilezile zilizosifiwa katika Out zinarudi zikiwa na upande wao wa pili: ubahili wa mwenye nyumba, mashindano ya wafanyakazi juu ya kamisheni, manung'uniko kuhusu nani hasa aliandika kitabu kipi, na safari ya Tehran ikiwa na wasiwasi ambao haukupata nafasi katika Interview. Msomaji makini anaweza kuuliza kwa nini aliyaficha hayo kwa muda mrefu hivyo, na swali hilo ni halali, lakini jibu lake limo katika kitabu chenyewe, kwa kuwa Colacello hajifichi kwamba aliipenda meza ile na aliihofia siku ya kutoalikwa. Kinachokikosesha kitabu ukamilifu ni kwamba bado kinamtazama Warhol kwa jicho la mfanyakazi anayedai haki yake, na michoro yenyewe, ambayo ndiyo iliyomfanya mtu huyo astahili kuandikwa, inapita kwa haraka mno. Mwaka 2004 alitoa kitabu kuhusu Ronald na Nancy Reagan na njia yao ya kufika Ikulu, kazi yenye utafiti mwingi, iliyowezekana kwa sehemu fulani kutokana na urafiki ulioanza enzi za jarida. Mwaliko wa mwaka 1981 ulikuwa bado unazaa.

Mwaka 2022 shajara aliyoiandika Hackett iligeuzwa kuwa mfululizo wa vipindi sita kwenye Netflix, ukiongozwa na Andrew Rossi. Vifungu vyake vinasomwa kwa sauti ya Warhol iliyotengenezwa na kompyuta kutokana na rekodi chache za sauti yake halisi, ikiunganishwa na sauti ya mwigizaji, na watayarishaji walipata idhini ya taasisi inayosimamia urithi wake. Mtazamaji anaisikia sauti hiyo ikitamka sentensi ambazo katika umbo hilo hazikuwahi kutamkwa na mtu, kwa sababu zilipangwa kwenye taipureta na mwanamke aliyekuwa upande wa pili wa simu. Kulingana na desturi ya nyumba hiyo tangu mwaka 1968, sauti inaendelea kuwa ya Warhol. Suala la nani anastahili kuitwa mwandishi wa sentensi hizo halijaamuliwa na mahakama yoyote, na wahakiki wa fasihi, ambao ndio wenye kazi hiyo, wamechelewa mno kulishika.